Kisogo cha Mume Wangu

Shikamooni wazee wangu. Na ninyi wajane wenzangu, poleni na safari. Nimeambiwa nisimame niseme, nami nitasema, ila nikinyamaza katikati mnivumilie. Kuna mahali panakwama.

Mimi nilikuwa mchoraji, wengine mnanifahamu. Kuta za maduka kule Nyakato, ile sabuni, yule jogoo, ni mkono wangu. Biashara ilipofunguliwa na vitu vya nje vikajaa madukani, nikanunua kamera ya video iliyotumika. Wenzangu walirekodi harusi. Mimi nilitaka watu wakiwa kazini, hawajajipanga. Nakaa pembeni, simwambii mtu geuka. Akinisemesha, kimya. Hiyo ndiyo ilikuwa sheria yangu, na watu waliniona wa ajabu kidogo.

Mume wangu alikuwa fundi wa mitumbwi. Nilimrekodi pale mwaloni, ufukoni mitumbwi inapoegeshwa, siku nzima akiziba nyufa za mbao kwa pamba, amenipa mgongo. Kupigwa picha hakupenda tangu zamani, hata ndoa yetu haina picha. Mwaka haukuisha, malaria ikampanda kichwani, akatutoka.

Ndugu zangu, nawaambia, sijui kama mlishazika mtu asiye na picha. Picha ndiyo hutangulia mbele ya jeneza. Kwetu ulitangulia msalaba peke yake. Nikasikia nyuma yangu mtu akisema, "Karekodi mwalo mzima, uso wa mumewe umemshinda." Iliniuma kwa sababu ni kweli. Kamera nikaifungia kwenye sanduku la bati, brashi nikazigawa. Nikawa nauza nyanya sokoni Mirongo, nikirudi nalala na nguo za sokoni. Chakula hakipiti. Watoto wangu walilelewa na majirani, sifichi.

Siku moja mama mkwe akaja kutoka Mara, akasema anataka kumwona mwanawe. Nikamwambia, mama, uso haumo. Akasema niweke kanda hivyo hivyo. Tukaenda kwa jirani mwenye televisheni na deki ya video. Mgongo ukatokea, na nyundo, na pamba. Mimi nimeinamisha kichwa kwa aibu. Yeye akacheka.

"Kisogo hicho nimekinyoa mimi mpaka anaoa. Uso mlitaka wa nini?"

Halafu mume wangu, bila kugeuka, akauliza mle kwenye kanda: "Umekula lakini?"

Nikakumbuka. Aliniuliza, na mimi sikumjibu, nalinda sheria yangu. Kanda ikaendelea, ikasikika nyundo tu. Jamani, nilitamani ardhi inimeze.

Mama mkwe akaisogelea televisheni, akamjibu yeye.

"Bado, baba. Lakini leo atakula."

Akanishika mkono tukaenda kupika. Nikamaliza sahani, mara ya kwanza tangu msiba.

Namshukuru mama yule. Namshukuru jirani, na ninyi mliowaogesha wanangu bila kunisema. Sijapona kabisa, kuna siku bado ni ngumu. Ila nimerudi kwenye kamera. Nakaa pembeni vilevile, simwambii mtu geuka. Lakini mtu akiniuliza kitu, namjibu. Nanyi mkifika nyumbani, mkiulizwa kama mmekula, mjibuni.