Timazi, Jina Nililompa Mimi

Mheshimiwa Diwani, mgeni wetu rasmi. Ndugu wageni waalikwa. Wazazi wa mwenye duka. Shangazi yake, ambaye amekaa kiti cha mbele ingawa hakuna aliyempangia. Mafundi wenzangu, wenye nguvu na wanaojikongoja. Na nyinyi majirani mliokuja kwa ajili ya soda: nawasalimu nyote kwa heshima.

Mshereheshaji ameniambia nina dakika tano, kisha nivute kitambaa kile kilichofunika bango, nikae. Nimemsikia. Lakini mimi nimepandisha kuta za nusu ya mtaa huu, na ukuta anaouegemea sasa hivi ni wangu, kwa hiyo atanivumilia. Hotuba nimeiandika mwenyewe kwa penseli ya fundi, herufi kubwa kama matofali, na mahali nitakapokwama kusoma nitaongea tu, maana mdomo wangu haujawahi kukwama.

Leo mjukuu wangu anafungua duka lake la ushonaji. Wengine watawaeleza habari za vyerehani. Mimi nimesimama kwa ajili ya jina lake, kwa sababu jina lile nilimpa mimi, na mpaka dakika hii sijui kama analitaka.

Kwa wasiojua ujenzi, timazi ni uzi wenye kipande cha chuma mwishoni. Unautundika juu, chuma kinashuka, kinayumba, kinatulia, na kikishatulia kinakuambia kama ukuta wako umesimama au umelala. Kwenye kazi yangu kuna sheria moja: timazi likiyumba haliguswi, halipuliziwi, wala hakuna kuongea. Niliwahi kumfukuza kibarua kwa kupiga chafya.

Sasa, bibie huyu alipozaliwa, ukoo mzima uligombana. Shangazi alitaka jina la ua. Mke wangu alitaka jina la mama yake mzazi. Baba mtu alitaka jina alilolisikia kwenye televisheni, ambalo hata yeye hakuweza kulitamka mara mbili likatoka lile lile. Wiki zikapita, mtoto anaitwa "huyu". Huyu amelala? Huyu ameoga? Je, ndugu zangu, mtu atakua na kuolewa akiitwa huyu?

Siku hizo nilikuwa nawaongezea chumba nyuma ya nyumba. Mtoto analia tangu asubuhi, mama yake anazunguka naye huku na huku, wapi! Mimi nikatundika timazi langu kwenye fremu ya mlango. Likaanza kuyumba. Mtoto akanyamaza. Akalifuata kwa macho, linakwenda, linarudi, na lilipotulia naye akatulia, kisha akanikazia macho mimi kama mkaguzi wa majengo. Nikasema pale pale, "Huyu ni Timazi."

Baba yake akaja juu. "Baba, hicho ni kifaa! Kesho tukipata mwingine utamwita Karai?"

"Karai ni jina la mvulana," nikamjibu. "Nyinyi endeleeni kuzaa."

Shangazi akasusa chai. Akasusa na chakula cha mchana. Jioni akala cha wawili, na jina likabaki. Mimi sishindwi na mtu mwenye njaa.

Ila sitawaficha, jina hilo lilimtesa. Shuleni wenzake walimwimbia, "Timazi, ning'inia! Timazi, ning'inia!" Akarudi analia: "Babu, nibadilishie." Nikakataa. Bibi yake akamnong'oneza, kwa ule mnong'ono wake unaosikika hadi barabarani, "Usijali, mama. Ukiwa mkubwa na una kwako, utajiita upendavyo."

Leo ni mkubwa. Leo ana kwake.

Juzi nikamfuata jikoni. "Bango umeandika nini?"

"Babu, utaliona siku hiyo kama watu wengine."

"Shangazi yako ameliona?"

"Ndiye aliyenisindikiza kwa mchora mabango."

Ndugu zangu, tangu juzi chai hainipiti kooni. Yule na maua yake!

Lakini kabla sijavuta kitambaa, niulizeni jina limemfanya mtu wa namna gani. Mheshimiwa Diwani, hilo koti amekushonea nani? Mafundi wengine walikuwa wanakuambia, "Mheshimiwa, umeumbika." Huyu alikuzunguka na tepu yake shingoni, akakuambia mbele ya msaidizi wako, "Bega lako moja limeshuka."

Ukanuna. Ukasema, "Bega langu halina tatizo. Kata kitambaa."

Akasema, "Sikati mpaka tukubaliane kuhusu bega."

Ukaondoka kwa hasira, na wiki iliyofuata ukarudi kukubaliana. Mtazameni sasa! Nani hapa anaweza kuniambia bega lililoshuka ni lipi? Usilishike, Mheshimiwa, watajua.

Je, hiyo ni kazi ya cherehani tu? Hiyo ni tabia ya jina. Hakusifii uongo, wala hakutukani. Anakuonyesha ulipo, kisha anakunyoosha. Hayo hata akijiita ua yatabaki, najua. Lakini mimi ni mzee, na nataka yabaki na jina lake.

Basi navuta. Kama chini yake kuna waridi, nitakunywa soda yangu kimya kimya na kuondoka bila ugomvi. Mama watoto, acha kucheka, naweza.

Haya.

Kumbe ni refu, jembamba, limesimamishwa kando ya mlango, herufi moja chini ya nyingine. Ngojeni, msinisomee. Herufi za jina hili nilijifunza mwenyewe, nikazichonga kwenye mlango wa chumba kile. T. I. M. A. Z. I. Limeshuka kutoka juu mpaka chini kama uzi wenyewe.

Timazi. Jina langu. Hapana, mniwie radhi. Jina lake.

Shangazi anasema nini huko mbele? Eti, "Nilimbembeleza njia nzima aweke hata waridi moja, hakunisikia!" Pole, Shangazi. Chai leo unywe, usisuse.

Lakini subirini, msipige makofi. Mchora mabango, uko wapi? Bango lako limepinda. Juu limekaa sawa, chini limekwenda kushoto. Usiniambie ni macho ya uzee, timazi langu liko mfukoni, hili hapa. Na kabla sijaita mtu, tazameni nani anakuja na ngazi begani, na gauni lake jipya, anamwambia Mheshimiwa apishe njia. Nani amemtuma? Hakuna.

Panda, mjukuu wangu. Shika uzi huu, utundike pale juu.

Ndugu wageni, soda zitafunguliwa bango likishanyooka. Nawashukuru kwa kunipa masikio yenu, na sasa naomba mnipe na midomo: nyamazeni wote, timazi linayumba.