Shangazi Asilisikie Neno Hilo

Benchi letu lina miguu mitatu na tofali moja. Limeegemea ukuta wa studio ya filamu hapa Goregaon, mjini Mumbai, kati ya jiko la chai la Girdhari na meza yangu ya kupigia pasi, na kwa kuwa pasi yangu ni ya mkaa, jina langu mtaani ni Mkaa. Wenye benchi ni watatu. Kuna Mzee Rilu, aliyezeekea kwenye mashine ya kuonyesha picha, katika jumba la sinema ambalo leo ni duka la simu. Kuna Profesa, ambaye hajawahi kumfundisha hata kuku, ila ana mfuko wa plastiki uliojaa hadithi za filamu na bado anatafuta wa kuzinunua. Na kuna Dubli, aliyekuwa akiruka madirishani badala ya mashujaa mpaka goti lake likasema basi. Alasiri hiyo ya mwisho wa Mei joto lilikuwa la kukaanga, na hakuna aliyeweza kukaa kitako kwa utulivu.

Sababu haikuwa joto peke yake. Asubuhi Mama Vatsala wa ghorofa ya pili alishuka akatuambia kwamba leo atapita mtu kutoka Karad, wa upande wa binti, kuulizia habari za mwanawe, Hemant Gurav. Kwetu ndivyo posa inavyokwenda: picha zikishapendwa, mtu wao huja kimyakimya kuuliza kwa wauza chai na wapiga pasi, maana wazazi watasema mazuri tu. "Wanangu, semeni vizuri," alituomba. "Na lile neno, nawasihi, lisitoke midomoni mwenu."

Tulilijua. Watu wa Satara, waliotangulia kumposa, walimpenda Hemant kuanzia nywele hadi viatu, mpaka hapa hapa kwenye benchi mtu akawaambia kijana yuko Bollywood. Baba wa binti alipanda basi la kurudi kwao siku hiyo hiyo. Na Hemant mwenyewe ni mtu wa taa tu, anayekesha juu ya vyuma akishika mwanga umwangukie mwingine. Ana miaka thelathini na mitatu. Mvua zikianza, harusi zinasimama mpaka baada ya sikukuu ya Diwali, na binti mzuri hasubiri Diwali.

Dubli: Tuelewane mapema. Mgeni akija, nani anaongea?

Profesa: Mimi. Nina msamiati.

Rilu: Msamiati wako ndio utakaomfukuza. Acha niongee mimi, nina mvi.

Profesa: Heri msamiati wangu kuliko mdomo wa Dubli. Wa Satara alikimbizwa na nani?

Dubli: Nimeshaomba radhi, jamani! Mnataka nipige magoti? Goti lenyewe halikunjiki.

Girdhari alikuwa anapuliza jiko, uso wote moshi.

Girdhari: Mimi hapo ndipo mnaponiacha. Neno lenyewe lina ubaya gani? Kinyozi wa kona ameandika Bollywood. Muuza mikate ya vadapau ameandika Bollywood. Juzi nimeona duka la suruali za watoto, Bollywood.

Rilu: Kwenye suruali halina ubaya. Tatizo ni kwa mkwe. Mwambie baba wa binti "Bollywood", hapo hapo anaona chupa, anaona talaka, anaona wapiga picha wamejazana mlangoni kwake.

Girdhari: Hemant hata bia hanywi.

Rilu: Neno ndilo linalokunywa, mdogo wangu.

Profesa alisogeza mfuko wake wa plastiki pembeni. Akifanya hivyo tunajua tumekwisha.

Profesa: Sikilizeni. Walichukua B ya Bombay wakaibandika kwenye mji wa filamu wa Wamarekani. Sawa. Halafu mji wetu ukabadilishwa jina, ukawa Mumbai. Neno likabaki vilevile. Maana yake nini? Tangu siku hiyo watu wote mle ndani wanafanya kazi mahali ambapo hapapo.

Dubli: Wewe mzee, usitupige kamba. Si wangeweka tu M?

Profesa: M walishachukua watu wa Kerala kwa filamu zao. T walikuwa nayo Wabengali, Watelugu nao wanayo. Tumechelewa foleni.

Rilu: Upuuzi mtupu. Miaka yangu yote mashineni sikulisikia neno hilo. Bosi alisema sinema, mfagizi alisema sinema. Hili limeletwa na watu wa magazeti, kwa dharau, eti sisi ni nakala. Umezaa mtoto mwenyewe, jirani anakuja kumwita kwa jina la mtoto wake. Ungekubali?

Dubli: Dharau ya zamani hiyo. Siku hizi ni sifa. Shemeji yangu wa Chennai alikwenda nchi za nje, akapokewa kwa shangwe: karibu, mtu wa Bollywood!

Rilu: Akafurahi?

Dubli: Alitaka kupigana. Filamu za kwao ni za Kitamili, Kihindi hamna hata salamu.

Rilu: Ndiyo hayo! Kule nje tumetiwa sote sufuria moja, tukakorogwa.

Bajaji moja ilipunguza mwendo. Wote wanne tulisimama, hata Dubli. Akashuka mwanafunzi na begi lake. Tukakaa tena, na tofali likateleza, ikabidi tuanze kulirudisha, kila mtu akimlaumu mwenzake.

Dubli: Mimi nawaambia neno hili limetungwa na wenye nyumba.

Profesa: Haya sasa.

Dubli: Si utani. Nenda kapange chumba. Anakuuliza kazi yako nini. Ukisema unaruka madirishani, anakuhurumia. Ukisema filamu, anafikirifikiri. Ukisema Bollywood, mlango pwaa! Limefanywa fupi makusudi ili mlango ufungwe haraka.

Rilu: Basi na mnajimu wangu naye yumo. Nilipomwambia mpwa wangu anaingia kwenye filamu, nyota zilikuwa nzuri. Mjukuu wake akadakia "Bollywood", nyota zikaharibika pale pale, ikabidi nivae pete ya jiwe la bluu kuzituliza.

Profesa: Mnazunguka tu. Mimi nimefanya utafiti.

Dubli: Wapi?

Profesa: Hapa, mgongo wangu ukiwa ukutani. Ndani ya ukuta huu hakuna anayelitamka. Husikii fundi anasema "nakuja, niko Bollywood". Wanasema seti, wanasema shifti, wanasema chakula hakijafika. Neno linatamkwa nje tu. Kwa hiyo Bollywood ni kila kitu kilichopo nje ya ukuta huu. Kinyozi ni Bollywood. Girdhari ni Bollywood. Mle ndani ndiyo hamna.

Dubli: Na sisi tulioegemea ukuta?

Profesa: Sisi tuko mpakani.

Nilikuwa nimejiapiza nisiingie. Kazi yangu ni kunyoosha nguo, si maneno, lakini roho ilinipanda.

Mimi: Hebu niwaulize. Huyo baba wa Satara, siku anamwoza bintiye kwa mwingine, hamkusikia walifanya nini usiku wa ngoma? Waliuita usiku wa Bollywood! Shangazi wamecheza Bollywood, wajomba wamecheza Bollywood, bibi kizee wamembeba na kiti chake. Kucheza Bollywood wanacheza mpaka viatu vinaachia soli. Ila anayeshika taa ili picha ionekane, huyo hawamwozeshi. Inaniuma, jamani. Inaniuma kabisa.

Halafu Rilu akapiga kofi benchi.

Rilu: Basi tukubaliane. Tunasema yuko kiwandani. Si uongo, wenyewe wanasema ni kiwanda cha filamu.

Dubli: Hapana, fundi umeme. Fundi umeme anapendwa kila nyumba.

Profesa: Fundi umeme! Mnamshusha. Semeni msanii wa mwanga.

Dubli: Msanii ndiye Bollywood huyo huyo kavaa kofia!

Rilu: Kiwandani!

Dubli: Umeme!

"Samahani," sauti ikasema. "Hapa ndipo kwa kina Gurav?"

Tulikuwa tunasubiri mwanamume mwenye sharubu, kama yule wa Satara. Aliyesimama mbele yetu alikuwa mama wa makamo, sari ya kijani, mwavuli wa jua, mfuko wa kitambaa begani. Bajaji yake ilikuwa imeshaondoka na hakuna aliyeiona.

"Nimetoka Karad," akasema. "Mimi ni shangazi wa binti yetu, Anagha. Nimekuja kuulizia habari za Hemant. Anafanya kazi gani?"

Na hapo, Mungu atusamehe, tukajibu kwa pamoja.

Rilu: Yuko kiwandani, mama.

Dubli: Fundi umeme!

Profesa: Msanii wa mwanga.

Na Girdhari, glasi zimemjaa mkononi, jasho linamtoka, kijana wa watu, akatamka kwa sauti ya kengele:

Girdhari: Bollywood.

Dubli alifumba macho. Rilu akaanza kukohoa kikohozi ambacho hakikuwepo. Mimi nilisimama nikitazama juu kwenye dirisha la Mama Vatsala.

"Kitambaa chako kinaungua," shangazi akaniambia.

Ilikuwa foronya ya watu wa ghorofa ya tatu. Nikaiinua pasi. Alama ilikuwa imeshakaa, ya rangi ya chai. Yeye akafunga mwavuli, akamsogeza Profesa kwa kumtazama tu, akakaa.

"Nimekuja kuulizia kijana mmoja," akasema, "nimepewa wanne."

Dubli: Shangazi, tusikilize. Huyu wa chai hajui analosema, ni mgeni wa mji.

Shangazi: Hilo la Bollywood nimeambiwa na dereva wa bajaji kabla sijakaa vizuri kwenye kiti. Lingekuwa la kunikimbiza, ningemwambia ageuze. Nipe nusu glasi, mwanangu, usitie sukari.

Girdhari alimimina kwa mikono miwili.

Shangazi: Analewa?

Rilu: Chai tu, mama. Nusu glasi, anainywa akiwa amesimama.

Shangazi: Anagombana na mama yake?

Mimi: Anamletea nguo zake mwenyewe kupigiwa pasi. Hajawahi kumtuma.

Akaitikia kwa kichwa polepole. Dubli akanikanyaga mguu kwa furaha.

Shangazi: Nina swali moja limebaki. Kaka yangu, baba yake Anagha, alikuwa kondakta wa basi. Kila asubuhi akivaa sare alisema, "Haya, naenda jela." Hakumpiga mtu nyumbani kwake. Unga haukukosekana. Lakini binti yetu amekulia kwenye nyumba ya mfungwa. Chakula kiko mbele yao na hakuna anayethubutu kucheka mpaka baba avue sare. Sitaki aolewe kwenda kuyasikia tena. Kwa hiyo nyinyi mkiita kiwanda, mkiita Bollywood, mimi hainihusu. Niambieni: yeye mwenyewe, akitoka nyumbani kwenda kazini, anaiitaje kazi yake?

Profesa akavuta mfuko wake wa plastiki, akaanza kupekua karatasi kana kwamba jibu limo humo.

Rilu: Anasema... huwa anainua mkono.

Dubli: Mimi hunipigia honi.

Girdhari: Kwangu anasema "nusu" tu.

Wakanigeukia mimi. Miaka yote nimenyoosha mashati ya yule kijana, najua lipi limeliwa na cheche za taa na lipi lina kifungo kisicho chake. Nilitafuta kichwani, nikatafuta, sikupata neno hata moja. Tulikuwa tumepasuka koo mchana kutwa juu ya jina la kazi ya mtu, na hatukuwahi kumuuliza mwenyewe. Niliona aibu, tena aibu ya kweli.

Dubli: Yuko juu amelala, jana alikesha. Nimwamshe, shangazi? Dakika moja tu!

Shangazi: Mwache mtoto wa watu alale.

Akamaliza chai yake, akaiweka glasi ukingoni mwa jiko.

Shangazi: Mwambieni mama yake tunakuja Jumapili, mimi, kaka yangu na Anagha. Nitamuuliza mwenyewe. Na nyinyi msimfundishe la kusema, nitajua.

Akafungua mwavuli, akaondoka.

Mama Vatsala alishuka ngazi viatu vikiwa mkononi. Rilu akamwambia "Jumapili", na yule mama akakaa chini, pale pale kwenye ngazi, akaficha uso kwenye ncha ya sari. Akauliza, je, lile neno hatukulitaja? Girdhari akainamia jiko lake.

Dubli: Mama, neno halikuwa lile.

Jua lilipopoa, Hemant mwenyewe akashuka, nywele zina maji, ametoka kuambiwa habari ghorofani na masikio yamemwiva. Akachukua nusu glasi yake, iliyokuwa ya mwisho kwenye sufuria, akainywa akiwa amesimama. Sisi wote tukawa tunamtazama mdomo. Nilimwona Profesa anatetemeka kwa hamu ya kumfundisha, na Dubli amemshika mkono kwa nguvu.

Hemant: Mbona leo mmepoa? Kuna msiba?

Rilu: Hamna kitu, mwanangu. Nenda salama.

Akaniwekea shati jeupe mezani, la Jumapili. Akapanda pikipiki, akaiwasha, akatugeukia.

"Haya," akasema, "naenda."

Tukasogea mbele, benchi zima, mpaka tofali likateleza tena. Alikuwa ameshaondoka. Kumbe hivyo ndivyo asemavyo kila siku, "naenda", na huishia hapo: si jela, si Bollywood.