Mafaili Madogo Yaliyouamsha Mtambo wa Nukta Nundu

Mgeni rasmi, baba yetu, Ntate Mkurugenzi wa Vifaa, kabla hatujakukaribisha tunaomba kuanza na swali la mama jirani yetu. 'M'e Mapuseletso, anayekaanga maandazi ya makoenya langoni, alichungulia dirishani mwaka jana akauliza: "Nyie, hiyo kompyuta mpya mmeifunika blanketi, imekufa au imeolewa?" Jibu lake limo katika risala hii.

KARIBU

Umeivumilia baridi hii ya Julai kuja kijijini kwetu Ha Ramokhele, Mungu akulipe. Chai ipo, na makoenya ya 'M'e Mapuseletso bado ya moto.

TULIKOTOKA

Sisi tunawachapia watoto wasioona vitabu vya Kisotho. Kugeuza herufi kuwa nukta nundu ni kazi ya programu aliyoiandika marehemu Ntate Monaheng, mwenzetu, enzi za kompyuta za zamani. Hakuna mwingine aliyeandika kama hiyo. Msomaji wa risala hii ni mjane wake. Anafunga vitabu kwa uzi hapahapa, na tumempa asome kwa sababu sauti yake haitetemeki.

Kompyuta zile zilipochakaa, ofisi yako ilituletea mpya, na tunashukuru kwa moyo wote. Lakini programu ya marehemu ilikataa kufunguka humo. Tukajaribu ile iliyokuja na kompyuta, ikayafupisha maneno yetu ya Kisotho kwa kanuni za Kiingereza. Mtoto Limpho alipapasa ukurasa akauliza, "'M'e, aliyeandika hapa alikuwa amelewa?" Ndipo tukachukua blanketi.

MAFANIKIO

Aliyetufumbua macho ni Mwalimu Palesa wa shule ya watoto hao. Alisema programu haiji na kila kitu chake. Mengine huyaazima kwenye mafaili ya pamoja yaliyomo ndani ya kompyuta. Tulimwelewa upesi. Chama chetu cha mazishi kina masufuria makubwa, na kila nyumba huyaazima siku ya msiba. Kompyuta mpya ilikuja na masufuria yake mapya, ya zamani yakaachwa, na programu ya marehemu haijui kupikia mengine.

Mjane akafungua kabati la mumewe, akatoa diski aliyoiacha. Mafaili yale ya zamani yalikuwamo. Mwalimu akayaweka kando ya programu bila kugusa kingine, ikafunguka. Mtambo wa kuchapia ulipoanza kugonga nukta, mjane aliusikia mlio ule akaenda kuandaa uzi wa kufungia vitabu.

Mgeni rasmi, mafaili haya tunayastahi. Ni madogo, hayana picha wala sauti, na hakuna anayeyafungua. Kazi yake ni kuitika yanapoitwa, basi. Tangu hapo kila darasa lina vitabu.

CHANGAMOTO

Limetoka agizo kwamba kompyuta zote zifutwe, zirudishiwe vitu vilivyoidhinishwa tu. Mafaili yetu hayajaidhinishwa. Yakienda, programu inalala tena, na watoto wanabaki na ya mlevi.

MAOMBI

Tunaomba yaidhinishwe. Tena nakala itunzwe ofisini kwako, maana diski ni moja na imeanza kukwaruzika.

Jumatatu fundi wako, Ntate Tlali, alikuja kufuta. Alimwambia mjane kwa upole, "'M'e, mimi nimetumwa tu. Haya hayamo kwenye orodha."

Ntate Moeketsi, mhakiki wetu asiyeona, akamjibu, "Hata mimi simo kwenye orodha ya wanaoona, na chai nakunywa. Kaa kidogo, mwanangu."

Akaweka vidole juu ya ukurasa uliokuwa umetoka mtamboni muda huo, akamsomea hadithi ya mtoto mchunga ng'ombe aliyekutwa na mvua ya mawe mlimani. Hakukwama hata mahali pamoja. Alipofika mwisho wa ukurasa alisema, "Iliyobaki imo humo kwenye kompyuta. Ukifuta leo, mtoto wa watu analala kwenye mvua."

Mgeni rasmi, Ntate Tlali ameketi kulia kwako. Hatujui amekuandikia nini, wala hatumwulizi. Kama ni kosa, liandikwe kwetu. Mungu awape nyote wawili njia kavu hadi nyumbani. Sisi tulichokiona ni hiki tu: alichomoa kwenye kompyuta kifaa chake cha kufutia kabla hakijafuta kitu, akakitia mkobani, akatoka, akaurudishia mlango polepole.

Ni sisi,
Wafanyakazi wa Kiwanda cha Vitabu vya Nukta Nundu, Ha Ramokhele