Bi. Secilia Shemweta na Kompaila ya Zamani

Juni 30, 1984, Bi. Secilia Shemweta anastaafu baada ya miaka ishirini na mitatu katika kituo chetu cha utafiti wa misitu, Lushoto. Alikuja mwaka ule wa Uhuru, akiwa ameacha kufundisha hesabu kwao Gare, akapewa kazi ya kukokotoa ujazo wa mbao.

Mwaka 1968 alikwenda Dar es Salaam kujifunza Fortran, lugha ya kuandikia programu za kompyuta, kisha akaandika programu ya kukadiria ukuaji wa miti ya msitu wa Magamba. Ilijaza sanduku zima la kadi za matundu, zile ambazo kompyuta ya wakati ule ilizisoma. Safari moja sanduku lilimwagika stendi ya Mombo. Abiria walishuka wakaokota, na dereva hakuondoka mpaka kadi zikapangwa upya kwa namba. Mama mmoja aliuliza kama kadi yake ya chama imo.

Mwaka 1979 kituo cha kompyuta cha Dar kilibadili kompaila, yaani programu inayogeuza Fortran kuwa lugha ya mashine. Kazi ya Secilia ilipita bila kosa, lakini majibu yalionyesha mbao nyingi ajabu. Wakubwa walifurahi, wakataka kuanza kuvuna. Yeye alikataa kusaini.

“Miti hii naipita kila asubuhi,” alimwambia mkuu wetu. “Haijanenepa hivyo.”

Alipanda basi na kikapu cha pichesi. Dar alimkuta Bwana Selemani, msimamizi wa mitambo, akijiandaa kufuta tepu yenye kompaila ya zamani, maana tepu zilikuwa adimu.

“Shikamoo mama. Tepu nyingine sina,” alisema Selemani.

“Marahaba. Basi usiifute mpaka tuone majibu.”

Alikaa pale pale ofisini hadi Selemani akakubali. Kwa kompaila ya zamani, majibu yalilingana na vipimo vya msituni. Kumbe ile ya zamani ilikuwa ikianza kila jumla na sifuri bila kuambiwa. Mpya ilianza na tarakimu zozote zilizobaki kwenye kumbukumbu ya mashine. Secilia alirekebisha programu mstari kwa mstari, na hadi leo inakubali kompaila zote mbili. Uvunaji uliahirishwa. Msitu umesimama.

Mumewe, Mzee Timotheo, amekwisha kumlimia bustani ya kabichi, na tumesikia hataki habari za kompyuta mezani. Tunamwonea huruma.

Ahsante sana, Mama Secilia. Tunakuombea afya, usingizi mnono, na wajukuu wenye kelele.