Josiah Pumfrey Alifuata Nini Louisville?

Mbele ya duka la Rutebuka, huku South End ya Louisville, kuna benchi lenye mguu mmoja mfupi. Rutebuka alilinunua mnadani, likaja na kibati cha shaba mgongoni: Josiah Pumfrey, 1821–1889, mwalimu, kisha mwanasiasa, Buffalo, Columbus, Louisville. Zaidi ya hapo hakuna ajuaye kitu, na hilo halijawahi kumfunga mtu mdomo. Jumamosi hiyo Sylveri alikaa hapo na fomu mapajani. Katika kambi ya wakimbizi Tanzania alikuwa mwalimu. Hapa anapanga maboksi ghalani, ila kila Jumamosi saa tisa huwafundisha kusoma kina mama wa kanisa lao la Newburg. Fomu yenyewe ilikuwa ya kugombea uenyekiti wa jumuiya ya Wakongo wa hapa. Vikao vya jumuiya navyo ni Jumamosi, saa tisa hiyo hiyo. Alichotaka ni mtu wa kumwambia asaini, basi.

— Saini, Mwalimu, alisema Bahizire, wanayemwita Ovataimu kwa kuwa hajui mapumziko. Hata huyu mzee wa kibati aliachaka chaki.

— Aliiacha kwa nini?

— Juu ya diploma! Alitoka nayo Buffalo, kufika Columbus bakamuambia haitambulikane. Njo akaingia siasa. Kule hawaombake diploma.

— Lakini si alizaliwa hapa hapa Marekani?

— Bon, na miye nilizaliwa Bukavu. Kinshasa walinitambua?

Clémence akasonya. Yeye ndiye mwenye termosi ya kahawa, kwa hiyo husikilizwa hata akikosea.

— Diploma gani? Ule mutu alipigiwaka simu na shemeji yake. "Kuya Columbus, nyumba ni rahisi." Akahama. Shemeji mwengine: "Kuya Louisville, kazi iko." Akahama tena. Siye wote tulifika hapa namna gani?

— Mama Clémence, miaka hiyo nani alikuwa na simu?

— Shemeji hakosake njia.

Sylveri hakubisha. Yeye mwenyewe aling'olewa Linden, kule Columbus, na sauti ya shemeji yake.

— Haya, siasa aliikuta wapi?

— Ghalani! Ovataimu aliruka kusimama, benchi likayumba, kahawa ikammwagikia Sylveri gotini. Ule Pumfrey alikuwa supavaiza. Akatetea batu bapate dakika kumi na tano za kupumuzika, bakamupigia kura. Tena ule alikuwa Mushi, kabila ya kwetu Bukavu, sawa miye.

— Mshi? Josiah Pumfrey?

— Unaona picha yake kwenye kibati?

— Hakuna picha.

— Donc! Mushi hapendake picha.

Clémence alicheka mpaka akashika mbavu. Sylveri naye alicheka, huku mkono ukiandika "Syl" kwenye fomu. Hapo ndipo mama mmoja alipotoka dukani na mfuko wa unga kichwani. Ni Umuhoza, aliyehamia kutoka Columbus wiki hiyo hiyo, na alikuwa amesikia yote akiwa kwenye foleni.

— Samahani. Alipoingia siasa, wanafunzi wake aliwaachia nani?

Clémence alikimbilia termosi, akaikung'uta: likatoka tone moja. Wote watatu wakageuka kukisoma kibati upya.

— Nauliza tu, alisema Umuhoza, kwa sababu nimeambiwa hapa kuna mwalimu anayefundisha wamama kusoma. Sijui kama bado yupo.

Sylveri alitazama saa. Tisa kasoro dakika ishirini. Aliona aibu kwanza, kisha furaha ambayo hakuitegemea. Akaikunja ile fomu mara nne, akainama, akaisokomeza chini ya mguu mfupi wa benchi.

— Yupo, dada. Twende, gari lile pale. Leo tuko kwenye herufi M.

Walipoondoka, Ovataimu alikaa taratibu. Akajitikisa kushoto, akajitikisa kulia. Benchi halikuyumba.

— Bon, akasema. Siasa imesaidia batu.