Mama Nondo Anakabidhi Ndoo ya Udongo

Ijumaa hii, tarehe 30 Juni, mlezi wa chumba cha wadudu katika makumbusho yetu anastaafu baada ya miaka thelathini na mmoja kazini. Jina lake liko kwenye mafaili. Sisi tunamwita Mama Nondo, naye huitika bila kununa.

Alianza kama mfagiaji. Siku moja alikuta kiwavi wa kijani, mnene kuliko kidole gumba, kwenye dirisha la stoo. Badala ya kumfagia, akamtafutia majani. Tangu hapo amelea vizazi na vizazi vya nondo yule mkubwa, kipepeo wa usiku mwenye alama ya fuvu mgongoni: yai dogo kwenye jani la kiazi, kiwavi asiyejua kushiba, kisha wiki kadhaa za kimya chini ya udongo, amegeuka kitu kigumu cha kahawia kama tende kavu, hadi atoke na mabawa yake. Nyumbani kwake friji ilijaa majani ya viazi, mboga za wanawe zikabanwa pembeni. Mumewe alishasalimu amri zamani.

Nondo huyu akishikwa hulia kama panya. Mkurugenzi wetu alipomsikia mara ya kwanza, alipanda juu ya kiti. Mama Nondo alimpa mkono wa kushukia na hajamtajia mtu mpaka leo. Tulioona ndio tunaosema.

Mwaka wangu wa kwanza hapa, mimi karani wa mapokezi, nilikuta ndoo ya udongo kwenye korido nikadhani imesahaulika. Nikapanda maua, nikamwagilia wiki nzima, na juu yake nikajisifu. Kumbe humo walikuwa wamelala nondo tisa wakisubiri kutoka. Mama Nondo aliuchekecha udongo wote kwa chekeche la unga, akapata mmoja tu aliye hai. Nililia kweli. Hakunikaripia, alisema maua yamependeza, akanipa chekeche nikalioshe.

Mwaka huu viwavi walichelewa. Kumi na mmoja wameshatoka wakiwa nondo kamili, mmoja bado yuko chini ya udongo. Mama Nondo aliomba wiki moja zaidi ili amwone, ofisi ya utumishi ikajibu kwamba tarehe ni tarehe. Jana akaileta ndoo mezani kwangu. Nilimkumbusha kwamba mimi ndiye mtu wa mwisho wa kukabidhiwa kitu hicho.

"Wewe ndiye ambaye hutasahau," alisema.

Asante, Mama Nondo, kwa subira uliyotufundisha. Tunakutakia afya, mapumziko matamu na friji yenye nafasi. Simu yako usiizime. Ndoo iko hapa mezani, na maji nimeyaweka mbali.