Napiga Hodi Nyumbani Kwangu

Bwana asifiwe, ndugu zangu! Asifiwe tena! Mchungaji, shikamoo. Mama Mchungaji, shikamoo. Wazee wa kanisa, nawaamkua nyote. Mnaotoka Utange mnanijua, mimi ni Mama Neema wa viazi karai, ninayekaanga pale kando ya njia. Leo sikuja kuwafurahisha. Nimekuja kufuta ushuhuda nilioutoa hapa hapa mwaka jana, kisha nitoe mwingine. Huu wa leo hauna vigelegele, nisameheni.

Mnakumbuka? Nilisimama hapa na pakiti ya dawa za presha, nikaitikisa, nikasema nimepona, nikaenda kuitupa kwenye pipa pale mlangoni. Mkapiga makofi, ngoma ikalia, nikacheza mpaka kilemba kikadondoka. Mchungaji hakuniambia nizitupe. Hakuna aliyeniambia. Kilikuwa kiherehere changu mwenyewe! Nilichoka kuwa mgonjwa, na nilichoka zaidi kuulizwa imani yangu iko wapi. Kumbe sikujua hata ninaumwa nini.

Ngojeni nianzie mbali kidogo.

Mimi nimelelewa Changamwe, upande wa Airport, chumba kimoja. Baba yangu alikuwa kibarua bandarini. Lango letu lilikuwa la mabati, na jioni baba akilisukuma, mimi nilijua kwa mlio wake tu siku hiyo itakuwaje. Likilia polepole, tutakula. Likibamizwa, mama atapigwa, kisha mimi. Basi nilikuwa najitupa uvunguni mwa kitanda, nyuma ya gunia la makaa, nauma kanga ya mama nisitoe sauti. Mama alikuwa akiniambia, "Vumilia mwanangu, ndiye baba." Tukavumilia, ndugu zangu. Jamani, tulivumilia!

Shuleni nako nilikwenda na lile lango. Ndege zilikuwa zikipita juu ya darasa, watoto wote wanainua vichwa, mimi hata sizisikii. Masikio yangu yako kwetu, langoni. Naulizwa saba mara nane, nakodoa macho. Jana nilikuwa naijua, leo haipo! Mwalimu akaniita Kichwa Maji, darasa likacheka, jina likanikaa. Nikaamini kwamba ndivyo nilivyoumbwa. Darasa la sita nikaacha shule. Mpaka leo nikisoma Biblia, nikifika mwisho wa mstari, mwanzo wake umeshanitoka.

Baba akafa. Nikasema, sasa nitapumua. Wapi! Nilikuwa na miaka ishirini na tisa nilipoambiwa nina presha. Tumbo linachoma, usingizi sina, upepo ukibamiza mlango wa jirani mikono inalowa jasho. Wengine wakasema nina pepo. Wengine wakasema nimerogwa. Nikaombewa, nikafunga, nikapakwa mafuta. Nikirudi nyumbani, moyo uko palepale unakimbia. Unamkimbia nani, na mzee keshazikwa?

Sasa nafika kwenye aibu yangu. Neema ana miaka tisa. Nimemlea peke yangu, kwa mdomo mkali na mwiko. Nikiambiwa nimhurumie, najibu, samaki mkunje angali mbichi. Nikitoka kwenye karai nimechoka, mikono imejaa masufuria, mlango naufungua kwa teke. Kabla sijaketi nishaona kosa. Mwaka jana mwalimu wake akaniita, akaniambia, "Mama, Neema yuko darasani lakini hayuko." Mimi nikafanya nini? Nikampiga njia nzima hadi nyumbani, watu wanatazama. Nikamwita Kichwa Maji. Mimi! Kwa kinywa hiki ninachoimbia kwaya!

Wiki ile ile nikaanguka kando ya karai. Dawa sikuwa nazo, nilizitupa hapa kwa shangwe. Mafuta ya moto yalinikosa, hilo namshukuru Mungu, lakini nusu ya mwili ilikufa ganzi. Mguu umerudi. Mkono huu wa kushoto hauwezi kushika hata kikombe, na daktari amesema nisiutarajie sana.

Pale hospitalini kulikuwa na sista mmoja, mtu wa maneno machache. Alinipima presha, akaitazama, akavuta kiti. Akaniuliza, "Mama, ulipokuwa mdogo, nyumbani kulikuwaje?" Ndugu zangu, nina miaka arobaini na moja na hakuna mtu aliyewahi kuniuliza swali hilo! Nililia mpaka shuka likalowa. Nikamweleza lile lango. Akaniambia, "Mtoto akiishi na hofu kila siku, mwili hausahau. Moyo unazoea kukimbia, na kichwa hakipati nafasi ya kushika masomo. Hukuwa mjinga. Ulikuwa unaogopa."

Mtadhani nilifurahi. Nilikata tamaa kabisa. Nilimwambia Mungu maneno ambayo sitayarudia hapa. Miaka yote ile, Bwana, ulikuwa wapi? Nani atanirudishia darasa la sita?

Nikaruhusiwa kutoka. Nilikuwa na hamu na mwanangu, jamani! Jirani aliyekuwa akimtunza alimwacha kwangu aningoje, akanileta mpaka mlangoni. Mkono mmoja haufanyi kazi, mwingine umeshika mkongojo, nikausukuma mlango kwa mguu kama kawaida yangu. Ndani kimya. Nikaita, kimya. Nikainama kwa taabu, nikachungulia uvunguni. Neema alikuwa amejikunyata nyuma ya gunia la makaa, anauma kanga yangu.

Sikumsimulia kamwe habari za gunia lile. Hakuna aliyemfundisha. Nilikaa chini sakafuni, mguu mmoja huku mmoja kule, nikajua kwamba baba yangu hakuzikwa. Nilikuwa nimeingia naye ndani.

Sikukemea pepo siku hiyo. Nilisema, "Neema, nisamehe. Mimi ndiye niliyekosa." Hakutoka. Nikaomba palepale, Bwana, wewe wabisha hodi na huvunji mlango wa mtu, nifundishe na mimi.

Basi tangu siku hiyo napiga hodi nyumbani kwangu. Naweka mzigo chini, nasema, "Hodi, Neema, ni mama," nangoja aseme karibu. Asipojibu, nakaa kizingitini. Majirani wananicheka, eti Mama Neema kachanganyikiwa, anabisha hodi kwake! Wacheke tu. Kuna siku anajibu. Kuna siku nasikia gunia linakwaruza sakafu, najua ameingia tena uvunguni, nami nakaa nje nikilia kimya kimya asinisikie.

Msinipigie makofi, tafadhali. Yuko pale nyuma, karibu na mlango. Msigeuke kumtazama, atashtuka. Mkono wangu haurudi, utoto wangu haurudi, na sijui ni kiasi gani nimekwisha kumharibia yeye. Hilo linanitesa kuliko ugonjwa. Dawa zangu zimo humu mkobani, na nazimeza kila siku kwa jina la Yesu. Mkitaka kujua kama Bwana amenifungua, mimi msiniulize. Tazameni mwanangu atakimbilia wapi nikifika.

Juzi nilipiga hodi mara tatu. Kimya. Nikageuza mgongo nikae zangu kizingitini. Ndipo nikasikia sauti ndogo nyuma ya mlango: "Umechoka, mama? Karibu."

Asante, Yesu! Kwa neno lile moja, asante!

Wewe uliyelelewa ukisikiliza lango, na wewe ambaye wanao wanakusikiliza wewe, njoo hapa mbele tuombe. Mtumaini Bwana. Kesho nenda ukapime presha. Lakini leo, ukifika kwako, kabla hujausukuma mlango, piga hodi, ungoje.